Aliyemrushia stelingi bunduki

Kwenye vibanda vya video tulivyokulia, picha ikianza swali la kwanza lilikuwa moja: stelingi yupi? Ukishamjua stelingi umetulia, maana stelingi hafi. Waliobaki ni wa kupigwa, wa kubeba mizigo, au wa kufa. Ndivyo nilivyoitazama kwa mara ya kwanza Once Upon a Time in the West, picha ya kikauboi ya Sergio Leone ya mwaka 1968. Wanaume watatu wanaingia kwenye kituo cha treni kilichochakaa, katikati ya nyika. Mmoja ni mweusi, mrefu, kifua kama mlango, kichwa kimenyolewa kinang'aa. Kijana aliyekaa nyuma yangu akasema kwa uhakika wote: "Huyo mweusi ndiye stelingi." Hakuna aliyembishia. Sura ilikuwa ya stelingi, kusimama kwake kulikuwa kwa stelingi, hata bunduki aliyoshika ilikuwa ya stelingi. Zikapita dakika kumi na kitu, treni ikaja, ikaondoka, akabaki mtu ng'ambo ya reli anapuliza kinanda cha mdomo. Milio ikalia, na yule mweusi akawa chini. Kibanda kizima kikaguna.

Jina lake sikulijua siku ile. Ni Woody Strode, na nimekuwa nikimfuatilia tangu hapo.

Irudie ile sehemu ya kituoni, safari hii usingoje bunduki zilie. Strode amesimama chini ya tangi la maji. Tone linamdondokea utosini. Anainua macho, anaona linakotoka, hasogei hata hatua moja. Anachukua kofia yake anaivaa taratibu. Matone yanaendelea, sasa yanagonga kofia, to, to, to, na maji yanajikusanya kwenye ukingo. Upande wa pili Jack Elam anahangaika na nzi aliyemng'ang'ania usoni. Al Mulock anaalisha vidole, kimoja baada ya kingine. Strode hafanyi kitu. Treni inapokaribia anaivua kofia, anaipeleka mdomoni, anayanywa yale maji, basi. Watatu wote wamepewa kazi moja ya kusubiri, lakini jicho la mtazamaji linarudi kwa yule asiyehangaika. Hatamki neno tangu anaingia hadi anakufa.

Nisizungushe maneno. Naamini mwigizaji msaidizi hapimwi kwa wingi wa maneno aliyopewa, wala kwa jina lake limeandikwa mstari wa ngapi kwenye bango. Anapimwa kwa kumtoa. Mtoe kwenye picha, halafu uangalie kinachoanguka. Kwa kipimo hicho, Strode ni mmoja wa waigizaji wakubwa wa picha za kikauboi za zama zake, na ukubwa huo hajapewa.

Alizaliwa Los Angeles tarehe 25 Julai 1914. Kabla ya sinema alikuwa mwanamichezo, tena wa kiwango cha juu. Mwaka 1939, kwenye timu ya mpira wa Kimarekani ya chuo kikuu cha UCLA, alicheza pamoja na Kenny Washington na Jackie Robinson, yule Robinson aliyekuja kuvunja ubaguzi wa ligi kuu ya besiboli mwaka 1947. Strode na Washington walimtangulia kwa mwaka mmoja. Tangu msimu wa 1933 ulipoisha, ligi kuu ya mpira huo, NFL, haikuwa na mchezaji mweusi hata mmoja. Mwaka 1946 timu ya Rams ilihama kutoka Cleveland kwenda Los Angeles, ikataka kuchezea kwenye uwanja wa Coliseum, na ule ulikuwa mali ya umma. Waandishi wa magazeti ya Wamarekani weusi wakabana hapo hapo: uwanja wa watu wote haukodishwi kwa timu inayobagua. Washington akasajiliwa, baadaye Strode. Alikuwa na miaka 31, umri ambao wenzake wengi wanafikiria kutundika viatu. Akacheza msimu mmoja, wakamwacha. Mwaka 1948 alikuwa Kanada na Calgary Stampeders, wakabeba Kombe la Grey, taji la mpira wa huko. Uzeeni aliulizwa kuhusu ile kazi ya kufungua mlango wa NFL, akajibu kwamba kama hata mbinguni itabidi aende kuvunja ubaguzi, basi hataki kwenda.

Naona jibu hilo kila ninapomwona amesimama mbele ya kamera. Ni mtu aliyekwishasimama mbele ya maelfu ya watu ambao hawakumtaka pale, akajifunza kutowapa hata mkunjo wa uso.

Kutoka kwenye mpira akaingia mieleka, kutoka mieleka akaingia sinema. Miaka ya 1950 walimtumia kama mwili: askari wa mfalme, mtumwa, mpiganaji wa porini. Kwenye The Ten Commandments ya 1956 alikuwa mfalme wa Ethiopia. Hata baada ya kujulikana mambo hayakubadilika sana. Mwaka 1961 mwongozaji John Ford alimfanya Mkomanchi, yaani mmoja wa wenyeji asilia wa Marekani, na mwaka 1966 huyo huyo Ford akamfanya mpiganaji wa Kimongolia huko China. Kwa Hollywood ya wakati ule, asiye mzungu aliweza kuwa wa bara lolote, alimradi asiwe mtu mwenye nyumba, watoto na maoni yake.

Upofu huo ulikuwa mkubwa zaidi kwenye picha za kikauboi. Wanahistoria wengi wanakadiria kwamba baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, karibu mmoja kati ya wachunga ng'ombe wanne kwenye njia za Texas alikuwa mweusi. Wengine wengi walikuwa Wameksiko, ndio waliowafundisha wengine ile kazi ya kamba na farasi. Jeshi la Marekani lilikuwa na vikosi vya wapanda farasi weusi tangu 1866. Sisi huku tuliangalia kauboi mia na zaidi, tukaondoka tukijua Magharibi ya Marekani ilikuwa ya wazungu na wenyeji asilia wa kupigwa risasi. Tulidanganywa, na uongo ule ulikuwa na bajeti kubwa.

Ndiyo maana mwaka 1960 una uzito. Ford alitengeneza Sergeant Rutledge, hadithi ya sajini mweusi wa Kikosi cha 9 cha wapanda farasi anayeshtakiwa kwa kumbaka na kumuua binti wa kizungu, na kumuua baba wa binti huyo, ambaye ni kamanda wake. Studio ilitaka jina kubwa, Sidney Poitier au Harry Belafonte. Ford akakataa, akasema hao si wagumu vya kutosha, akamng'ang'ania Strode. Hata hivyo, kwenye picha inayobeba cheo na jina la mhusika wake, jina la Strode lilikuja baada ya Jeffrey Hunter na Constance Towers. Mahakamani, wakili wa mashtaka anamkaba: kwa nini ulitoroka, na kwa nini ulirudi kuwaokoa wenzako wakati ulikwishakuwa huru? Rutledge anasimama kwenye kile kiti. Anasema kikosi ndicho nyumba yake, ndicho uhuru wake na heshima yake, na kwamba yeye ni mtu. Sauti inakatika njiani. Ni mara moja tu katika picha nzima anaachia, na kwa kuwa ameibana saa nzima, inapotoka inaumiza. Baadaye Strode alisimulia ile sehemu ya kuvuka mto Pecos juu ya farasi kwa fahari isiyofichika: alisema aliwavusha watu weusi wote pamoja naye. Picha haikuuza sana. Yeye hilo halikumpunguzia neno.

Mwaka huo huo alikuwa Draba kwenye Spartacus, picha ya watumwa wapiganaji wa Roma ya kale. Si picha ya kikauboi, lakini siwezi kuiruka, kwa sababu pale kipimo changu cha kumtoa hakihitaji maelezo. Spartacus anamwuliza jina lake. Draba anakataa kumwambia, na hataki kulijua la mwenzake, maana huenda siku moja wakapangwa pamoja na mmoja atalazimika kumuua mwingine. Siku hiyo inafika. Wameketi kwenye kizimba cha mbao wakisubiri zamu, wanaangaliana. Uwanjani Draba anashinda, anambana Spartacus, yaani Kirk Douglas, ukutani, mkuki wa meno matatu uko kooni. Wageni wa Kirumi wanapiga kelele amalize. Uso wa Strode unageuka kuwatazama wale waliokaa juu, na mkuki unaondoka kuelekea kwao. Anauawa akiparamia ukuta. Maiti yake inatundikwa kichwa chini iwe funzo kwa wenzake. Vita yote inayofuata, majeshi yote yale, yanaanzia kwa mtu aliyekataa kuua rafiki ambaye hakutaka hata kujua jina lake. Aliteuliwa kuwania tuzo ya Golden Globe ya mwigizaji msaidizi, akaikosa.

Lakini nafasi iliyonifanya niandike ni Pompey.

The Man Who Shot Liberty Valance ilitoka mwaka 1962. Ford tena, picha nyeusi na nyeupe, sehemu kubwa imepigwa ndani ya studio. Pompey ni mfanyakazi wa Tom Doniphon, yaani John Wayne. Nimewasikia watu ninaowaheshimu wakisema nafasi hiyo ni aibu: mwanamume wa futi sita na inchi nne, aliyekuwa Rutledge na Draba, anageuzwa mtu wa kufungua mlango. Hawajakosea. Kwenye ule mgahawa, mnofu wa nyama unapoangushwa sakafuni na Doniphon anapomkabili jambazi Liberty Valance, anamwambia kwamba boi wake Pompey yuko kwenye mlango wa jikoni. Boi. Neno hilo tunalijua, lilipanda meli likaja mpaka kwenye nyumba za wakoloni hapa kwetu, likaingia kwenye Kiswahili, likawaita wazee wetu wenye wajukuu. Nikilisikia pale moyo unanikaza.

Ila tazama kamera inapokwenda. Pompey kweli yuko mlangoni, bunduki mkononi, na asingekuwepo pale Doniphon angekuwa peke yake dhidi ya watatu. Nenda darasani. Ransom Stoddard, mwanasheria anayechezwa na James Stewart, anawafundisha watu wa mji kusoma, na anamwita Pompey aeleze sheria ya nchi. Pompey anasimama, nyuma yake ukutani ipo picha ya Lincoln. Anaanza lile Azimio la Uhuru, anafika mahali anakwama. Mwalimu anamalizia: kwamba watu wote wameumbwa sawa. Pompey anajitetea, alikuwa anajua, amesahau tu. Stoddard anamwambia asijali, sehemu hiyo watu wengi huisahau. Angalia Strode anavyolicheza lile kosa. Hatafuti kicheko. Ni mtu mzima aliyejiandaa, amevaa vizuri, na maneno yamemponyoka mbele ya watoto. Punde Doniphon anaingia kwa kishindo anamwamuru arudi kazini, na Pompey anatoka. Siku ya uchaguzi wanaume wa mji wamejaa ndani wakipiga kura, yeye yuko nje.

Sasa njoo usiku wa risasi. Stoddard, asiyejua kutumia bastola, anatoka kumkabili Liberty Valance barabarani. Milio inasikika, Valance anaanguka, na mwanasheria anageuka shujaa, kisha gavana, kisha seneta. Baadaye sana tunaonyeshwa tena usiku ule ule kutoka kwenye giza la kichochoro. Doniphon yupo kwenye kivuli. Anaita jina moja, kwa sauti ya chini: Pompey. Bunduki inaruka kutoka ng'ambo, Doniphon anaidaka, analenga, anafyatua kwa wakati ule ule Stoddard anapofyatua. Sekunde chache tu.

Mtoe Pompey hapo. Bunduki haiji. Stoddard anakufa vumbini, hakuna seneta, hakuna hadithi. Na dunia nzima waliojua ukweli ni watu watatu. Doniphon amekufa. Stoddard ameishi kwa uongo huo maisha yake yote. Wa tatu, Pompey, amekaa kwenye benchi kando ya jeneza la Doniphon, nywele zimekuwa nyeupe, mabega yameshuka, na waandishi wa habari wanampita kwenda kumhoji seneta. Hakuna hata mmoja anayemgeukia: na wewe mzee, siku ile ulikuwa wapi?

Wengi hunukuu maneno ya yule mhariri wa gazeti anayekataa kuandika ukweli hata baada ya seneta kuukiri, kana kwamba picha nzima ni hayo. Mimi naona jambo zito zaidi ni yule shahidi asiyeulizwa. Sijui kama kuna mwigizaji mwingine wa wakati ule angeweza kukaa pale bila kufanya kitu na bado ukahisi kwamba amekalia siri ya mji. Angekuwa mpenda kuonekana angeinua jicho kidogo, angehema. Strode hakufanya hivyo. Mwishoni, seneta akielekea kwenye treni, anamtia Pompey fedha mkononi, ya kununulia nyama. Pompey anaipokea. Kila nikifika hapo natamani airudishe, na kila mara anaipokea, kwa sababu mtu wa hali yake angeipokea. Alikuwa na umri wa miaka 47 wakampaka uzee, na mwendo wake ukawa wa mzee kweli.

Mwenyewe alisimulia kwenye kumbukumbu zake kwamba wakati wa kupiga picha hiyo yeye na Wayne walikaribia kupigana ngumi, na kwamba Ford alizidi kuchochea kwa kumkumbusha Wayne nani kati yao alikuwa mchezaji wa mpira wa kweli. Ford alikuwa mtu wa namna hiyo, mkali na mwenye maneno ya kuchoma. Strode alimpenda hata hivyo, hadi Ford alipofariki mwaka 1973. Sitaki kumhukumu kwa mapenzi hayo. Ford ndiye aliyempa farasi, kesi, na siri ya Shinbone, ule mji wa Pompey. Wengine walimpa mkuki na kipande cha ngozi kiunoni.

The Professionals ya 1966 naitaja kwa kifupi. Wataalamu wanne wanaingia Meksiko kumkomboa mke wa tajiri: Burt Lancaster, Lee Marvin, Robert Ryan, na Strode kama Jake, mfuatilia nyayo na mpiga upinde anayefunga baruti kwenye mishale. Watatu wanaongea mno. Jake anaangalia ardhi na kuelekeza. Hakuna anayemwita boi humo.

Baada ya hapo akaenda Ulaya. Italia walikuwa wanatengeneza kauboi kwa makumi, na huko alipata nafasi na malipo ambayo nyumbani hakuwa akiyaona. Na huko Valerio Zurlini alimpa picha inayotugusa watu wa ukanda huu kuliko zote, Seduto alla sua destra, ya mwaka huo huo wa 1968. Anacheza Maurice Lalubi, kiongozi wa Kiafrika anayekamatwa, anateswa, anauawa. Jina limebadilishwa, lakini hakuna anayekosea: ni Patrice Lumumba, aliyeuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961, miaka saba tu kabla. Zurlini ameusukuma sana mfano wa Yesu na mwizi aliyesulubiwa naye, na kwa maoni yangu siasa ya Lumumba, ule ugomvi wa madini na mamlaka, imefifia ndani yake. Lakini Strode amefanya kitu ambacho hotuba isingekifanya. Amekaa kwenye selo na mikono iliyoharibiwa, anamfariji mtu aliyefungwa naye, na ule utulivu wa kituo cha treni, wa kichochoro, wa benchi la jeneza, umepata mwenyewe. Hapo hatimaye alikuwa stelingi, na stelingi akafa. Yule kijana wa kibandani hakukosea kumtambua, alikosea picha tu.

Alirudi Marekani akaendelea kupokea alichopewa, kidogo hapa, kidogo pale. Waliotengeneza katuni ya Toy Story walimpa yule mwanasesere wa kauboi jina la Woody kutokana na yeye, kwa hiyo watoto wa dunia nzima wanaliita jina lake bila kumjua. Mwaka 1993 Mario Van Peebles alipotengeneza Posse, picha kuhusu makauboi weusi, alimweka Strode awe mzee anayesimulia. Aliyekaa kimya kando ya jeneza mwaka 1962, miaka thelathini na moja baadaye aliulizwa, na akaanza kueleza.

Alifariki tarehe 31 Desemba 1994, akiwa na miaka 80. Picha yake ya mwisho, The Quick and the Dead, ilitoka mwaka uliofuata na ilitolewa kwa heshima yake. Ni ya kikauboi, imejaa majina makubwa. Yeye ni Charlie Moonlight, fundi wa majeneza wa mji. Ukiitazama, msubiri. Anaonekana kwa muda mfupi.